Tufe la Eiffel

Mnara wa Eiffel ulifunguliwa Paris mwaka 1889 kwa kibali cha miaka 20 tu. Baada ya hapo ungeweza kubomolewa. Gustave Eiffel akautafutia kazi. Kuanzia 1903, akiwa mzee wa miaka 70, aliangusha vibao kutoka ghorofa ya pili, mita 115 juu, apate kupima ukinzani wa hewa. Mwaka 1909 akajenga handaki la upepo chini ya mnara.

Humo ukazuka ubishi. Kipimo chake cha ukinzani wa tufe hakikufika nusu ya kile cha maabara ya Ludwig Prandtl huko Göttingen, Ujerumani. Wajerumani wakadhani mzee kakosea hesabu. Eiffel akapima upya kwa kasi mbalimbali, na mwaka 1912 akaonyesha kwamba kasi ikivuka kiwango fulani, ukinzani huporomoka ghafla. Kumbe wote walikuwa sahihi: upepo wa Göttingen ulikuwa wa polepole.

Prandtl (na hapa ndipo ninapomvulia kofia) hakutafuta visingizio. Mwaka 1914 alizungushia tufe waya mwembamba. Ungetarajia ukinzani uongezeke, ukapungua! Waya ulivuruga utando wa hewa unaogusa tufe, na utando uliovurugika hung'ang'ania mgongo wa tufe kwa muda zaidi kabla ya kubanduka. Mkondo wa vurugu unaobaki nyuma, ambao ndio unaolivuta tufe, huwa mwembamba. Ndiyo kazi ya vibonyeo vya mpira wa gofu.

Mnara nao ulipona, ingawa ziliuokoa zaidi antena za redio.