Kutoka Uhayani hadi "Salome": Saida Karoli na Nafasi ya Wimbo wa Kihaya katika Historia ya Fasihi ya Kiswahili

Ikisiri

Makala hii inafuatilia safari ya kisanaa ya Saida Karoli wa Bukoba tangu albamu yake ya kwanza ya mwaka 2001. Inajenga hoja kwamba wimbo wake mashuhuri ulipokelewa na hadhira mbili kwa namna mbili tofauti, na kwamba tofauti hiyo ndiyo iliyoueneza wimbo na pia ndiyo iliyomfifisha mtunzi wake.

1. Utangulizi

Historia ya muziki wa Tanzania aghalabu huandikwa kwa kufuata mitindo ya mjini: dansi, taarabu, kisha bongo fleva. Katika mpangilio huo, mwimbaji wa lugha ya jamii huwekwa kwenye fungu la "ngoma za asili", fungu ambalo huchukuliwa kana kwamba halina tarehe wala mtunzi. Saida Karoli anauvuruga mpangilio huo. Alizaliwa mwaka 1976 katika kijiji cha Rwongwe, Bukoba, akajulikana nchi nzima kwa nyimbo za Kihaya zilizorekodiwa na kuuzwa kibiashara. Ana tarehe, ana jina, na ana kazi zinazoweza kuhakikiwa.

2. Usuli: mtunzi katika jadi ya Wahaya

Kuanzia Kiziba upande wa kaskazini hadi Ihangiro, ambayo leo imo katika Wilaya ya Muleba, jadi ya uimbaji iliyochunguzwa zaidi na wataalamu ni ile ya enanga, ala ya nyuzi zilizotandazwa juu ya ubao uliochongwa kama hori. Tasnifu ya M. M. Mulokozi ya mwaka 1986, iliyowasilishwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ilizithibitisha nyimbo hizo kuwa tendi kamili. Katika jadi hiyo kisa, kama kile cha Kachwenyanja, ni cha jamii. Fanani hupimwa kwa namna anavyokitenda mbele ya hadhira inayokijua.

Saida si mwimbaji wa enanga. Ni mwanamke anayeimba kwa ngoma, na mada yake kuu ni mapenzi na maisha ya kila siku, si mashujaa wa kale. Hata hivyo, suala la umiliki analikuta palepale: je, wimbo ni wa aliyeutunga au ni wa wanaouitikia?

3. Hadhira mbili za wimbo mmoja

"Maria Salome" ya mwaka 2001 ilivuka mipaka ya Kagera kwa njia mbili. Upande wa magharibi mwa Uganda, Kihaya kina ujamaa wa karibu na Kinyankore. Msikilizaji wa huko aliweza kufuata maana bila mkalimani. Dar es Salaam, Dodoma au Mtwara hali ilikuwa nyingine. Huko wengi waliushika wimbo kupitia maneno yake ya Kiswahili, na hata wakaupa jina kutokana nayo: "Chambua Kama Karanga".

Jina hilo linastahili kutazamwa. Kuchambua karanga ni kazi ya jikoni na barazani, ya vidole na subira, isiyohitaji kufafanuliwa kwa Mtanzania yeyote. Kitenzi hichohicho ndicho tunachokitumia sisi wahakiki tunaposema tunachambua matini. Kwa hiyo tashbihi moja ilitosha kumpa msikilizaji asiyejua Kihaya mahali pa kushika; yaliyobaki aliyapokea kama sauti, mdundo na hisia. Kwake, sehemu ya Kihaya ilikuwa muziki. Kwa Mhaya, ilikuwa kauli. Uhakiki unaoishia kwenye maneno ya Kiswahili unairithi hali ya hadhira ya kwanza bila kujitambua.

4. Kurejea kwa "Salome"

Mwaka 2016 Diamond Platnumz, akishirikiana na Rayvanny, alitoa "Salome", wimbo uliojengwa juu ya ule wa Saida. Kilichohamishwa hasa ni jina la mpenzi, kiitikio na ile tashbihi ya karanga, yaani vile vipengele ambavyo hadhira ya Kiswahili ilikuwa imekwisha kuvimiliki. Huu ni mwingiliano matini wa wazi, na ulimrudisha Saida midomoni mwa kizazi kipya. Mwaka uliofuata alisikika tena na "Orugambo", wimbo ambao jina lake la Kihaya lina maana ya uvumi au maneno ya watu. Safari hii jina halikutafsiriwa.

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999 inamlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo chake. Sehemu yake nyingine inahusu sanaa-jadi. Wimbo unaoitwa "wa asili" kwa mazoea tu unaweza kusukumwa kutoka fungu la kwanza hadi la pili, na mtunzi aliye hai akageuzwa kuwa jadi. Uainishaji wetu wa kitaaluma, basi, una uzito nje ya darasa.

5. Hitimisho

Saida Karoli aliingia katika Kiswahili kwa mlango wa Kihaya, na Kiswahili kikampokea nusu. Kazi iliyobaki ni kunukuu nyimbo zake zote kwa Kihaya, pamoja na toni zake, kuzifasiri, na kuzihakiki kwa jina la mtunzi. Kazi hiyo inawezekana sasa, wakati mtunzi na wasikilizaji wake wa kwanza wa Bukoba na Muleba wangali wanaweza kuulizwa.