Kamusi za Maneno ya Mtaani: Kutoka Mahakama ya Dijon hadi Ipililo

Kata ya Ipililo iko wilayani Maswa, katika mkoa wa Simiyu uliomegwa kutoka Shinyanga mwaka 2012 na kuwekewa makao makuu Bariadi. Nyumbani watu wanaongea Kisukuma. Shuleni na katika ofisi ya kata, Kiswahili. Kijiweni kwa bodaboda na kwenye mizani ya AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, wakati wa msimu wa pamba kuna usemi mwingine tena, ambao hauna mwalimu wala kitabu. Fedha zikishalipwa, vijana wanazihesabu kwa jero, buku na msimbazi: mia tano, elfu moja, elfu kumi. Noti ya elfu kumi ni nyekundu, wekundu ni rangi ya klabu ya Simba, na makao ya Simba yako Mtaa wa Msimbazi, Kariakoo. Mtu anaweza kuzaliwa Ipililo asikanyage Kariakoo hadi anazeeka, na bado jina la mtaa ule likawa limekunjwa mfukoni mwake.

Neno kama hilo lina historia nzima ndani yake: mpira, rangi ya noti, kupanda kwa bei hadi noti ya elfu kumi ikahitajika, na barabara iliyolileta hadi kwa mkulima. Nani ameliandika? Swali hilo ndilo linalonifanya niangalie jinsi Waingereza na Wafaransa walivyofika kwenye kamusi zao za lugha ya mtaani, kwa sababu njia yao ilianza vibaya, na sisi tumepita humo humo.

Mwaka 1455, mjini Dijon, Ufaransa, genge la wezi waliojulikana kama Coquillards lilifikishwa mbele ya sheria. Kinyozi mmoja aliyewajua alitoa maelezo, na karani akaandika maneno yao ya siri pamoja na maana zake. Orodha ile ni miongoni mwa kumbukumbu za mwanzo kabisa za lugha ya mtaani ya Kifaransa, nayo ni karatasi ya kesi. Uingereza haikutofautiana sana. Thomas Harman, mwenye ardhi wa Kent, aliwahoji wazururaji waliopita mlangoni kwake, na katika miaka ya 1560 akachapisha kitabu cha kuwatahadharisha raia, chenye maneno yao. Kisa kinachonigusa zaidi ni cha James Hardy Vaux, mfungwa wa Kiingereza aliyepelekwa Australia. Mwaka 1812, akiwa katika kituo cha adhabu cha Newcastle, aliandaa orodha ya maneno ya wezi na kumkabidhi mkuu wa kituo ili imsaidie katika kazi yake ya hakimu. Ilichapishwa mwaka 1819. Kwa hiyo kamusi ya kwanza kutungwa Australia ilitungwa na mfungwa kwa ajili ya aliyemfunga.

Aliyegeuza mkondo, hata kabla ya Vaux, ni Francis Grose. Huyu alikuwa mwanajeshi na mpenzi wa mambo ya kale, mtu mnene aliyependa kula na kuongea, na usiku alizunguka vilabu vya pombe na vichochoro vya London akiwasikiliza mabaharia, askari na wachuuzi. Kamusi yake ya mwaka 1785 ina maneno ya wezi, lakini imejaa pia maneno ya watu wa kawaida wakiwa kazini, wakicheka au wakitukanana. Kwangu mimi huo ndio mwanzo hasa wa kazi hii, maana msikilizaji alikwenda aliko msemaji, naye hakuwa na pingu. Walifuata wengi: Farmer na Henley kwa majuzuu saba kati ya 1890 na 1904, Eric Partridge mwaka 1937, kisha Jonathon Green, ambaye majuzuu yake matatu ya mwaka 2010 yanapanga kila neno kwa mifano yenye tarehe. Kwa Kifaransa, Gaston Esnault alifanya kazi ya jinsi hiyo mwaka 1965, akitafuta kila neno lilionekana lini na kwa nani.

Wafaransa wana pia mchezo ambao Mswahili hahitaji kuelezwa mara mbili. Vijana wa vitongoji vya Paris hugeuza silabi: *femme*, mwanamke, inakuwa *meuf*, na *flic*, polisi, inakuwa *keuf*. Maneno hayo mawili yameshaingia katika kamusi ya kawaida ya Le Petit Robert. Pwani yetu iliujua mchezo huo zamani kwa jina la kinyume, wa kuchukua silabi ya mwisho na kuitanguliza, na Edward Steere, mmisionari wa Unguja aliyekuja kuwa askofu, alihifadhi mifano yake katika kazi zake za karne ya 19. Mchezo wetu ukabaki katika kitabu cha mgeni. Wafaransa wakaupa wa kwao ukurasa katika kamusi ya kawaida.

Mwaka 1939 zilitoka kamusi mbili za Kiswahili ambazo napenda kuziweka meza moja. Ya Frederick Johnson ilitolewa chini ya Kamati ya Lugha iliyoundwa mwaka 1930 ili shule za Tanganyika, Kenya, Uganda na Zanzibar zitumie Kiswahili kimoja, chenye msingi wa Kiunguja. Ilifanya kazi iliyotakiwa, na bila usanifishaji ule mtoto wa Maswa na mtoto wa Lamu wasingesoma kitabu kimoja. Ya pili ilichapishwa Paris, kazi ya padri Charles Sacleux aliyeishi Bagamoyo na Unguja mwishoni mwa karne ya 19. Yeye alikusanya lahaja moja moja na kuonyesha neno linatoka wapi. Shule zilirithi ya Johnson. Tabia ya Sacleux, ya kumuuliza msemaji unatoka wapi, haikupata warithi wengi.

Kisha ikaja zamu ya mtaa wenyewe. Sheng, lugha ya vijana wa mjini Kenya, ilishamiri mashariki mwa Nairobi kuanzia miaka ya 1970, na mwaka 1993 Moga na Fee wakaitolea kamusi ndogo. Mwaka 2003 TUKI, Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya Dar es Salaam, ikachapisha kamusi ya Sheng na Kiingereza ya Ireri Mbaabu na Kipande Nzunga. Nashukuru kwamba ipo. Lakini jalada lake linaiita Sheng lugha ya ulimwengu wa wahalifu wa Afrika Mashariki, wakati ambapo lugha hiyo ilikuwa tayari kwenye matatu, kwenye redio na vinywani mwa watoto wa shule wasio na kosa lolote. Ni jicho lile lile la karani wa Dijon, baada ya karne tano na nusu.

Tanzania ilipata yake mwaka 2006. Uta Reuster-Jahn na Roland Kießling walichapisha katika jarida la Swahili Forum, huko Ujerumani, utafiti wa Lugha ya Mitaani wenye kamusi ya maneno na misemo 1100. Hawakuanza na wezi. Waliwachukua vijana wa mjini kama mafundi wa lugha, na wakaonyesha jambo ambalo kila Mtanzania analihisi: wakati Sheng inakopa sana Kiingereza na lugha za makabila, kijana wa Bongo mara nyingi huchukua neno la Kiswahili lililopo na kulipindua maana. Ngawira, iliyokuwa mali iliyotekwa vitani, ikawa fedha. Kushika kukazaa mshiko. Aliyefulia hana nguo mkononi, ameishiwa. Hata Bongo yenyewe ilitoka kichwani ikawa jiji, kisha nchi nzima.

Maelezo ya kamusi hiyo, hata hivyo, ni ya Kiingereza, na dunia haikusimama mwaka ule. Miaka minne baadaye kuchakachua, neno la wanaochanganya mafuta ya taa na dizeli, liliingia katika kura za uchaguzi wa 2010, na likakaa. Nani anaandika leo kwamba lilitoka kwenye pampu kabla ya kufika kwenye sanduku la kura?

Kazi hii ya kukusanya maneno inaelekea kufanyika Dar es Salaam, kana kwamba maneno huzaliwa huko tu. Maswa ina kata inayoitwa Masela, na mgeni kutoka mjini akisoma kibao atadhani amefika kwa washkaji, ingawa jina hilo halihusiani nao. Treni ya Mwanza inapita Malampaka, mabasi yanapita Bariadi, na simu iko kila mfuko. Neno hupanda, na neno hushuka. Mfano mkubwa wa lililotoka kwetu ni sungusungu. Ni jina la mdudu, chungu mweusi mwenye kuuma, na mwanzoni mwa miaka ya 1980 vijiji vya Usukuma na Unyamwezi vilipoungana kupambana na wezi wa ng'ombe, likawa jina la walinzi wale. Kamusi iliyopangwa kwa tarehe, kama ya Green au Esnault, ingelifuatilia hatua kwa hatua: kilio cha usiku kijijini, kisha magazeti ya Dar es Salaam, kisha marekebisho ya sheria ya mgambo ya mwaka 1989 yaliyowatambua rasmi, kisha kuvuka mpaka hadi Kisii, Kenya, ambako makundi ya vijana yaliyojipa jina hilo hilo yaliogopwa na watu waliotakiwa kulindwa.