Ngao ya Vibranium, Mawe ya Shinkolobwe

Tuanze na jina. Kwa sikio la Mswahili, Wakanda ni watu kabla hawajawa nchi: Wakamba, Wadigo, Wakanda. Na mmoja wao basi ataitwa Mkanda, kitu cha kushikilia suruali. Stan Lee na Jack Kirby hawakuwa wakiwaza habari za ngeli walipoitambulisha Wakanda katika Fantastic Four namba 52, toleo la Julai 1966. Walihitaji ufalme wa Kiafrika wenye teknolojia ya kuwashangaza watu wa New York, na msomaji lazima angeuliza: kwani hiyo doh yote inatoka wapi? Toleo lililofuata likajibu. Kuna kilima, na kilimani kuna vibranium, madini yanayomeza mtetemo. Jamaa mmoja mgeni, Klaw, alikuja kuyachukua akamuua mfalme T'Chaka. Mtoto wa mfalme, T'Challa, akainyakua silaha ya Klaw mwenyewe na kumharibu mkono nayo.

Mwaka 1966 Kenya haikuwa imefikisha miaka mitatu ya uhuru. Kongo ilikuwa na miaka sita, na tayari Patrice Lumumba alikuwa ameuawa, Januari 1961, huko Katanga, mkoa uliojitenga huku kampuni ya migodi ya Union Minière ikiuunga mkono. Mtawala anakufa, madini yanabaki na mwenye bunduki. Sidai kwamba Lee na Kirby walikaa wakasoma habari za Katanga. Ila ukiwa na magazeti ya miaka hiyo mkononi, njama ya Klaw haihitaji ubunifu mwingi.

Mimi kinachonishika zaidi ni ile ngao. Katika muvi ya Captain America ya 2011, Howard Stark anamwonyesha Steve Rogers ngao ya vibranium, anamwambia ni chuma adimu kuliko vyote duniani, na kwamba hicho kipande ndicho chote walichonacho. Ni wakati wa Vita Vikuu vya Pili. Hakuna anayeuliza kilitoka wapi. Rogers anaibeba, anaenda kupigana, sisi tunapiga makofi.

Sasa sikiza ya ukweli. Agosti 1939 Albert Einstein alitia sahihi barua kwa Rais Roosevelt kuhusu uwezekano wa bomu la urani. Barua hiyo inataja palipo na chanzo kikubwa zaidi cha madini hayo: Kongo ya Wabelgiji. Mgodi wenyewe uliitwa Shinkolobwe, karibu na Likasi, Katanga. Urani ilikuwa imegunduliwa hapo mwaka 1915, na kwa miaka mingi kilichotafutwa ndani yake kilikuwa radi ya kuuzia hospitali za Ulaya. Mawe ya kwingineko yalionekana ya maana yakiwa na urani chini ya asilimia moja. Ya Shinkolobwe yalifika asilimia 65. Maze, hata mtu wa kuandika hadithi za kubuni angeogopa kuweka namba kama hiyo.

Mkurugenzi wa Union Minière, Edgar Sengier, alisoma dalili mapema. Mwaka 1940, Ubelgiji ikiwa mikononi mwa Hitler, tani zaidi ya 1,000 za mawe hayo zilivushwa bahari hadi Staten Island, New York, zikawekwa ghalani. Zilikaa hapo karibu miaka miwili. Septemba 1942 afisa wa jeshi, Kenneth Nichols, akaingia ofisini kwa Sengier mjini humo kuulizia urani ya Kongo. Ikawa kama mtu ameenda dukani kuulizia unga na kukuta gunia limeshafungwa, linamsubiri. Biashara iliisha kwa muda mfupi sana. Baadaye wanajeshi wahandisi wa Marekani wakasaidia kuufungua upya mgodi, na mwaka 1944 Marekani, Uingereza na Ubelgiji zikatiliana sahihi nani atapata urani ya Kongo. Mkongo hakuwa mezani. Agosti 6, 1945, sehemu kubwa ya urani iliyolipuka juu ya Hiroshima ilikuwa imetoka Katanga.

Chuoni, kabla sijaacha, tulifundishwa habari za bomu hilo muhula mzima wa vita. Oppenheimer tulimjua, jangwa la New Mexico tukalijua. Waliochimba walikuwa watu wa Katanga, mkoa ambako Kiswahili kilikua kwenye kambi za migodi hadi kikawa lugha ya mji. Yaani mawe yale yalibebwa na watu ambao mimi na wewe tungesalimiana nao bila mkalimani. Halafu Wakanda wa Hollywood wakapewa Kixhosa. Sina neno na Kixhosa, ni kitamu, lakini bana.

Wakanda nayo inaishi kwa siri. Inajifanya nchi maskini ya wafugaji ili dunia isijue ina nini. Shinkolobwe pia ilikuwa siri kali, ila waliofichwa ndio waliokuwa wakichimba. Hawakuambiwa mawe yale yanaenda kufanya nini, wala vumbi lake lina nini.

Muvi ya Black Panther ilipofika Kisumu, Februari 2018, kwa akina Lupita, watu walitoka wamevaa kama wanaenda harusi. Nilielewa. Ni raha kutazama madini yakikaa na wenyewe kwa saa mbili na zaidi.

Shinkolobwe ilifungwa kabla ya uhuru wa 1960, lakini watu walirudi na sepeto, safari hii wakitafuta kobalti, ile inayoingia kwenye betri za simu. Januari 2004 serikali ilipiga marufuku. Julai mwaka huohuo sehemu ya mgodi ikaporomoka na kuua watu wasiopungua 8.

Sengier alitunukiwa nishani na Marekani mwaka 1946. Tena kuna madini yaliyopewa jina lake, sengierite. Yana rangi ya kijani, yana urani ndani, na yaligunduliwa Katanga.