Gita la umeme likiteremshwa sauti: Nyuzi zipi zinafaa?

MWAKA 1965, kijana wa miaka 17, Tony Iommi, alikuwa katika siku yake ya mwisho ya kazi kwenye kiwanda cha vyuma mjini Birmingham, Uingereza, pale mashine ilipomkata ncha za vidole viwili vya mkono wa kulia. Kwa kuwa alikuwa mpigaji gita wa mkono wa kushoto, vidole hivyo, cha kati na cha pete, ndivyo alivyovitumia kukandamizia nyuzi.

Iommi hakuliacha gita. Aliyeyusha plastiki ya chupa ya sabuni akajitengenezea kofia za kuvika vidoleni, akazifunika kwa ngozi, kisha akatafuta nyuzi nyembamba kuliko zile zilizozoeleka madukani wakati huo, hata akachukua nyuzi za banjo na kuzifunga kwenye gita lake. Miaka michache baadaye, akiwa na kundi la Black Sabbath, alianza kuzilegeza nyuzi hizo ili zisimwumize. Katika albamu ya Master of Reality ya mwaka 1971, baadhi ya nyimbo zilipigwa gita likiwa limeteremshwa toni moja na nusu, na uzi mnene uliozoeleka kutoa noti ya E ukawa unatoa C#.

Sauti ile ya chini ndiyo iliyokuja kuwa alama ya muziki wa hevi metali. Ajabu ni kwamba wengi waliofuata nyayo zake hufanya kinyume chake: huteremsha sauti ya gita, kisha hufunga nyuzi nene ili kuurudisha mkazo uleule ambao Iommi alikuwa akiukimbia. Pande zote mbili zina sababu zake. Kwa hiyo mpigaji anayeingia dukani kuulizia nyuzi za sauti ya chini hana budi kwanza kujua anataka mkazo wa kiasi gani, kwani unene peke yake haumwambii mengi.

Sauti ya uzi hutokana na mambo matatu: urefu wake, uzito wake na mkazo wake. Uzi wa sita, ulio mnene kuliko yote, hutetemeka mara 82.4 kwa sekunde gita linapokuwa katika mpangilio wa kawaida. Ukiteremshwa hadi D hutetemeka mara 73.4, ukifika C ni mara 65.4, B ni 61.7, na A ni 55. Mkazo, hata hivyo, haupungui kwa kadiri hiyo, bali kwa kipeo chake cha pili. Uzi ulioteremshwa oktavu nzima hubaki na nusu ya mitetemo yake, lakini mkazo wake hubaki robo tu.

Chukua seti ya kawaida ambayo wapigaji huiita 10–46, yaani uzi wa kwanza una unene wa inchi 0.010 na wa sita inchi 0.046. Katika gita lenye nyuzi za urefu wa inchi 25.5, kama yalivyo mengi ya kampuni ya Fender, uzi wa sita huvutwa kwa nguvu ya takriban kilo 7.9 ukiwa E. Uzi huohuo ukiteremshwa hadi C hubaki na kilo 5, na ukifika B ni kilo 4.5. Nyuzi zote sita kwa pamoja, ambazo huvuta shingo ya gita kwa takriban kilo 47, hubaki na kilo 30 hivi zikiteremshwa toni mbili.

Matokeo yake husikika mara moja. Uzi uliolegea hugonga freti na kutoa mlio wa kukwaruza, na unapochapwa kwa nguvu sauti yake huanza juu kidogo ya noti inayotakiwa kisha huzama. Katika gita lisilo na mkwaruzo wa amplifaya kasoro hiyo yaweza kupita bila kugunduliwa. Mkwaruzo ukiongezwa, noti mbili zinazopigwa pamoja hupigana na wimbo mzima husikika kama tope. Ni kama ngoma iliyolegea ngozi: mpigaji haongezi nguvu za mikono, huipeleka kwanza motoni.

Kuna hesabu nyepesi ya kurudisha mkazo, nayo haihitaji mashine. Kila nusu toni gita linaposhushwa, unene wa uzi uongezwe kwa takriban asilimia sita. Kwa hesabu hiyo, aliyezoea inchi 0.046 katika E atapata mkazo uleule kwa uzi wa 0.052 katika D, wa 0.058 katika C, wa 0.061 au 0.062 katika B, na wa 0.069 hivi katika A. Uzi wa kwanza nao hutoka 0.010 na kuingia 0.011 gita likishushwa toni moja, na kati ya 0.012 na 0.013 likishushwa toni mbili.

Hapa ndipo wanunuzi wengi hukosea, kwa kuwa mipangilio mingi ya muziki mzito haishushi nyuzi zote kwa kiasi kimoja. Katika mpangilio uliopendwa sana tangu miaka ya 1990, ambao nyuzi zake kuanzia mnene ni C, G, C, F, A, D, nyuzi tano hushushwa toni moja tu, lakini ule wa sita hushushwa toni mbili. Anayefunga seti iliyokuzwa kwa uwiano mmoja hujikuta ama na uzi wa sita uliolegea, ama na nyuzi nyembamba ngumu zisizokubali kuvutwa pembeni wakati wa solo. Kinachotakiwa ni seti ya mchanganyiko, nyembamba upande wa juu na nene upande wa chini. Kampuni ya D'Addario ya Marekani, kwa mfano, ina seti ya 11–56 inayokaribia sana hesabu hiyo, na nyingine ya 12–60 kwa wenye mkono mzito. Ernie Ball, ambaye tangu miaka ya 1960 alijijengea jina California kwa kuuza nyuzi nyembamba, ameacha kampuni ambayo leo huuza pia seti ya 12–56.

Majina ya mapambo yaliyoandikwa kwenye pakiti yasimpumbaze mnunuzi. Anachopaswa kusoma ni tarakimu sita za unene, uzi kwa uzi, na baadhi ya watengenezaji huchapisha pia mkazo wa kila uzi katika mpangilio wa kawaida.

Uzi wa tatu unahitaji uangalifu wa pekee. Katika seti nyepesi huwa ni waya mtupu, usiozungushiwa waya mwingine. Unapofikia unene wa inchi 0.022 au 0.024 waya huo huwa mgumu kama wa uzio, na noti zake hupanda kidogo kila unapokandamizwa. Anayeshuka hadi B hufanya vyema kuchagua seti ambayo uzi wake wa tatu umezungushiwa waya, ingawa hautavutika kwa urahisi wakati wa solo. Kwa mpigaji wa rithimu hiyo si hasara kubwa. Kwa mpigaji wa solo ni jambo la kufikiri mara mbili.

Ugumu huohuo ndio unaoweka mpaka wa nyuzi nene kwa jumla. Uzi mnene uliofungwa kwenye gita fupi hautetemeki kwa uhuru, na sauti zake za juu, zile zinazomfanya msikilizaji atambue noti gani inapigwa, hufifia au hutoka nje ya mstari. Mpigaji huongeza unene akitafuta uzito, akapata mvumo usio na sura. Hiyo ndiyo sababu wapo wanaobakiza mkazo pungufu kidogo kwa makusudi na kuupunguza mkono wa kupigia. Iommi mwenyewe hakuwahi kuhitaji nyuzi nene ili asikike mzito.

Njia nyingine ni kuongeza urefu badala ya unene. Magita mengi ya Gibson yana urefu wa uzi wa takriban inchi 24.75, na kwa tofauti hiyo ndogo tu uzi uleule huwa na mkazo pungufu kwa asilimia sita ukilinganishwa na gita la inchi 25.5. Gita la baritoni lenye inchi 27 huongeza asilimia 12. Kwa anayetaka kuishi katika B au A kila siku, gharama ya gita refu huenda ikawa na maana zaidi kuliko kubadilisha pakiti baada ya pakiti. Kundi la Korn lilipotoa albamu yake ya kwanza mwaka 1994 lilitumia magita ya nyuzi saba, na uzi wa saba ulishushwa hadi A.

Kundi la Meshuggah la Uswidi lilikutana na ugumu zaidi. Lilipokuwa likiandaa albamu ya Nothing ya mwaka 2002 lilikusudia kutumia magita ya nyuzi nane, lakini yale ya kwanza kutengenezwa yalikuwa na kasoro, likalazimika kuyashusha magita yake ya nyuzi saba kupita kawaida. Mwaka 2006 albamu hiyo ilitolewa upya, sehemu za gita zikiwa zimerekodiwa tena kwa nyuzi nane.

Kuhusu madini, maneno ni machache. Nyuzi nyingi za gita la umeme huzungushiwa chuma kilichopakwa nikeli. Chuma kisichoshika kutu hutoa sauti kali zaidi, jambo linalosaidia noti za chini zisizame, ila hukwaruza vidole. Katika miji ya pwani kama Mombasa, Zanzibar na Dar es Salaam, ambako jasho na hewa ya chumvi huzila nyuzi upesi, zile zilizopakwa utando wa plastiki hudumu zaidi, nazo huuzwa kwa bei ya juu.

Gita lililoandaliwa kwa 10–46 halipokei uzi wa 0.060 hivihivi. Kizingiti, yaani kile kipande cha mfupa au plastiki kinachopitisha nyuzi zikielekea kichwani, kina mifuo ya unene maalumu. Uzi mnene ukilazimishwa humo hukwama, na kila unaporekebishwa sauti hutoa mlio wa kuruka. Mifuo hiyo hupanuliwa kwa tupa nyembamba, na kazi hiyo apewe fundi, kwani mfuo ulioingia ndani kupita kiasi haurudi.

Fimbo ya chuma iliyo ndani ya shingo nayo hurekebishwa kidogo kidogo, robo mzunguko kwa wakati mmoja, kulingana na mkazo mpya. Gita lenye daraja linaloelea juu ya springi lina usumbufu zaidi, kwa sababu mkazo wa nyuzi ukibadilika daraja lote huinama, na springi hazina budi kukazwa au kulegezwa hadi lilale sawa. Mwisho hupimwa usahihi wa noti kwenye freti ya 12. Noti inayokandamizwa hapo ikiwa juu kuliko oktavu ya uzi mtupu, kikalio cha uzi huo kwenye daraja husogezwa nyuma, na kwa nyuzi nene huenda kikafika mwisho wa skrubu yake kabla noti haijakaa sawa.