Jina Lisiloonekana: Marion Dougherty na Historia ya Uteuzi wa Waigizaji

Filamu ikipendwa, sifa humwendea mwongozaji na waigizaji. Ni nadra kuuliza nani aliyewapata waigizaji hao. Insha hii inapitia maisha ya kikazi ya Mmarekani Marion Dougherty (1923–2011), na inajenga hoja kwamba uteuzi wa waigizaji ni sanaa iliyocheleweshewa heshima yake.

Kabla ya miaka ya 1950, studio kubwa za Hollywood ziliwafunga waigizaji kwa mikataba ya miaka mingi. Kazi ya mteuzi ilikuwa kuangalia orodha ya studio: huyu ana sura ya shujaa, yule ana sura ya mwizi. Mfumo huo ulipodhoofika na televisheni ilipoenea, palihitajika mtu wa kutafuta vipaji nje ya orodha.

Dougherty alianzia New York, katika tamthilia za televisheni za Kraft Television Theatre. Zilirushwa moja kwa moja kila wiki, hivyo kila wiki alihitaji watu wapya. Alikwenda kwenye kumbi za maigizo usiku, akaandika maoni yake juu ya kila mwigizaji katika kadi ndogo. Baadaye, katika mfululizo wa Naked City, aliwapa nafasi za mwanzo vijana wasiojulikana, akiwemo Dustin Hoffman.

Jon Voight naye alipata nafasi humo, lakini hakufanya vizuri. Mwingine angelifuta jina lake. Dougherty hakulifuta, ilipotafutwa sura mpya kwa ajili ya Midnight Cowboy (1969), alimpendekeza. Filamu hiyo ilipata Oscar ya filamu bora, lakini jina la Dougherty halimo katika orodha ya walioitengeneza. Kwa Lethal Weapon (1987), alimpendekeza Danny Glover kwa nafasi ambayo maandishi hayakusema ni ya mtu mweusi. Uamuzi wa namna hiyo hubadilisha hadithi yenyewe.

Kwa nini basi heshima ilichelewa? Kwanza, baadhi ya waongozaji walipinga wateuzi kuitwa waongozaji wa aina yoyote. Pili, kazi hii ilifanywa zaidi na wanawake, ikachukuliwa kama kazi ya ofisini tu. Watu mashuhuri waliomba Dougherty apewe Oscar ya heshima, bila mafanikio. Mteuzi wa kwanza kuipata alikuwa Lynn Stalmaster, mwaka 2016. Mwaka 2024 ndipo Akademia ilipotangaza tuzo ya uteuzi wa waigizaji, kuanzia na filamu za mwaka 2025. Dougherty alikuwa ameshafariki.

Jambo hili linatugusa hata sisi Waganda. Madina Nalwanga, aliyeigiza kama Phiona katika Queen of Katwe (2016), alikuwa binti wa Kampala asiye na uzoefu wa filamu, aliyepatikana katika darasa la ngoma. Sote tunamkumbuka yeye. Wangapi kati yetu tunamjua aliyeingia darasani siku ile na kumwona?

Kwa kuhitimisha, anayeandika historia ya filamu kwa kufuata majina makubwa peke yake ataandika nusu ya historia. Mgeni akisifu chakula, na mpishi atajwe.