Dawa Iliyogeuka Silaha
Ndugu Waislamu, mwaka 1936 mwanakemia Mjerumani, Gerhard Schrader, akitafuta dawa ya kuua wadudu, alipata sumu iitwayo tabuni. Jeshi likaifanya silaha. Sumu hiyo huvuruga mishipa ya fahamu: mboni husinyaa, mate hutiririka, kifua hubana, pumzi hukatika. Mwaka 1988 gesi za sumu, zikiwamo za ukoo huo, ziliua maelfu huko Halabja, Iraki. Baadhi ya dawa za kunyunyizia pamba nazo ni za ukoo huo huo. Nasi watu wa Nansio tukumbuke: mwaka 1999 Ulaya ilikataa samaki wa Ziwa Victoria, baada ya baadhi ya wavuvi kuvua kwa dawa za shamba. Amwagaye sumu majini humdhuru hata mtoto asiyemjua. Tujihadhari, Mwenyezi Mungu atuhifadhi.