Kivu Iliipata Ndege, Haikupata Shule Yake

Magharibi ya Kalembe, ndani ya Walikale, Kivu Kaskazini, kuna kipande cha barabara ya lami pale Kilambo ambacho miaka ya 2000 kiligeuzwa uwanja wa ndege. Wapita njia walipisha, ndege za mizigo za Let na Antonov zikatua, zikapakia kasiteriti, madini ya bati kutoka mgodi wa Bisie, zikarudi Goma. Vijana walikuwa wameyatoa magunia hayo ya kilo 50 msituni kwa miguu. Usukani mara nyingi ulishikwa na marubani kutoka nchi za uliokuwa Muungano wa Kisovieti. Wengi hueleza hali hiyo kwa vita. Mimi naona mizizi yake ni ya zamani zaidi: Kongo ililetewa ndege ya kubebea, ikanyimwa ile ya kufundishia.

Ndege ya kufundishia ina umbo lake. Stampe SV.4, iliyobuniwa Antwerp na kuruka mara ya kwanza mwaka 1933, ilikuwa na mabawa mawili ya mbao na kitambaa, viti viwili vilivyofuatana, na fimbo mbili za usukani zilizounganishwa, hata mkono wa mkufunzi ukisogea, mwanafunzi anausikia kiganjani mwake. Baada ya vita vya 1939–1945 Ufaransa iliunda mamia, na klabu za urubani zikalea kizazi kizima humo. Ubelgiji nayo iliwaanzisha marubani wake wa jeshi kwenye Stampe, kisha ikawapeleka Kamina, Katanga, wakaendelee na ndege za Harvard. Kijana wa Kibelgiji alivuka bara zima aje kujifunza kuruka katika anga ya Kongo. Lakini tarehe 30 Juni 1960, siku ya uhuru, Force Publique, jeshi la kikoloni la Kongo, haikuwa na afisa hata mmoja Mkongo, sembuse shule ya marubani wake.

Nitaambiwa kwamba klabu zilikuwa starehe za wakubwa, na kwamba mkulima wa Masisi alihitaji barabara kwanza. La kwanza ni kweli: hata klabu ya Nairobi ya mwaka 1927 ilikuwa ya walowezi. Ila Kenya ilipounda jeshi lake la anga tarehe 1 Juni 1964, miongoni mwa ndege zake za mwanzo zilikuwa Chipmunk, ndogo, za mafunzo. Taifa jipya lilianza na darasa. Kongo ilipata ndege za mafunzo za Marchetti SF.260 baadaye tu. Kuhusu barabara, hoja inajijibu Kilambo: barabara ilikuwapo, na ndege ikaichukua.

Pingamizi zito zaidi ni la Cessna za MAF, shirika la wamisionari wa anga, waliofika Nyankunde na kuokoa wagonjwa wengi mashariki mwa Kongo. Siwapunguzii heshima. Ila kiti cha mbele kulia, ambacho shuleni hukaliwa na mkufunzi, katika safari zile kilikuwa cha abiria.